Niliapa nimeuona mtungi, kumbe ndoo ya rangi!

Kuna jambo linanikaa kooni tangu mwaka jana, na kila nikishika kalamu nalipita pembeni, nawaandikia habari za mapenzi na mavazi. Leo nimeamua kulitapika. Mnicheke kama ni kucheka, mnitukane kama ni kutukana, ila nisomeni mpaka mwisho.

Ninapoishi ni zile nyumba zetu za Mwananyamala mnazozijua, vyumba sita, ua mmoja, bomba moja, choo kimoja na foleni yake. Mwenye nyumba anaishi humo humo na mkewe na mjukuu wao. Chumba cha mwisho kule uani alikuwa amepanga kijana mmoja mwenye nywele ndefu za rasta, basi wote tukamwita Rasta, jina lake halisi nilikuja kulisikia siku ya soo lenyewe. Alikuwa mkimya. Anatoka alfajiri, anarudi usiku, wakubwa anawapa "shikamoo", sisi wa rika lake anatupa "mambo", basi. Kazi yake hatukuijua. Tulichojua ni nywele.

Siku hiyo ilikuwa Jumamosi. Saa 12 asubuhi nimesimama bombani napiga mswaki, macho bado yana usingizi, Rasta akapita amebeba kitu cha mviringo mkononi, akanisalimia, nikamwitikia na povu la dawa mdomoni, akatoka zake. Amebeba nini, wala sikujali. Ilipofika kama saa 2 mama mwenye nyumba akatoka jikoni anapiga kelele, mtungi wake wa gesi, ule mdogo wa kilo 6, haupo. Mumewe hayupo na simu yake haipatikani. Tukakusanyika uani, nani katoka asubuhi, nani kaonekana. Na mimi bwana na kiherehere changu nikadakia: "Mama, mimi nimemwona Rasta anatoka na mtungi."

Hapo ndipo pa kusikiliza vizuri. Sikusema "nadhani", wala sikusema "kama vile". Mama akaniuliza, "Una hakika, mwanangu?" Nikaapa. Nikaeleza mpaka rangi, kwamba ulikuwa wa bluu, tena alikuwa kaushika kwa ile pete ya juu, umemwelemea upande mmoja. Na haki ya Mungu nawaambia, hata sasa ninapoandika, nikifumba macho naiona picha hiyo, mtungi wa bluu kabisa. Mwongo ni mtu anayejua ukweli halafu anauficha. Mimi sikuwa na ukweli wowote wa kuficha, nilikuwa na picha yangu na nikaiamini.

Maneno ya uani hayakai uani. Kufika saa 4 washikaji wa kijiweni walishapata habari, na zilipofika kule barabarani ilikuwa si mtungi mmoja tena, ni miwili na televisheni. Saa 7 Rasta akarudi, maskini, alikuwa amesahau rola yake ya kupakia rangi. Hakufika hata mlangoni. Nilisikia tu "Mwizi!" na mnajua hilo neno katika mji huu lina maana gani. Nilipotoka walikuwa wameshamlaza chini, mdomo damu, na kuna jamaa mmoja anauliza tairi liko wapi. Niliogopa mpaka miguu ikawa mizito. Yeye analia, "Mimi fundi rangi jamani, ile ilikuwa ndoo, ile ilikuwa ndoo," na hakuna anayesikia, mimi nikiwa wa kwanza wa kutosikia, kwa sababu mimi nilikuwa nimeuona mtungi!

Aliyemwokoa ni mjumbe wetu, mzee wa watu, mfupi, mkongojo mkononi. Alipita katikati ya vijana wale, akasimama juu ya yule kijana, akauliza swali moja: "Nani kamwona?" Wote wakanigeukia mimi. Mzee akasema basi shahidi na mshitakiwa wote twende ofisi ya serikali ya mtaa, na nyie wengine mkapike.

Tukakaa kwenye benchi pale, mimi huku, Rasta kule na jino lake mkononi. Saa 9 baba mwenye nyumba akaingia anahema. Alitoka na mtungi saa 11 alfajiri, mimi bado nimelala, kwenda kuujaza maana gesi ilikuwa imeisha usiku, akauacha dukani, akapitiliza kwenye msiba Mbagala, simu ikazima chaji. Mkewe alikuwa bado usingizini, hakumuaga.

Kesho yake niliiona ile ndoo. Ndoo ya rangi ya lita 20, nyeupe, ina mshikio wa waya. Hata doa la bluu haina.

Sasa ningewaacha hapo mngesema mwandishi huyu mnafiki tu, alikuwa na chuki na jirani yake. Na mimi nilijiuliza hivyo usiku mwingi. Mwisho nikamfuata mshikaji wangu mmoja anayefundisha saikolojia chuo cha ualimu, nikamweleza yote. Hakushangaa hata kidogo, na kutoshangaa kwake ndiko kulikoniudhi. Akaniambia, "Wewe hukuona kwa macho, kaka. Uliona kwa kalibu."

Kalibu ni hii hii ya matofali. Udongo ukiumwaga hauna umbo, kalibu ndiyo inayoufanya uwe tofali. Kichwani nako, jamaa anasema, tunazo kalibu za kila kitu, wenyewe wataalamu wanaziita skima: ya daladala, ya msiba, ya harusi, ya bosi, ya mwizi. Macho na masikio yanaleta udongo, tena kidogo kidogo na mwingi umemwagika njiani, kalibu inaupa umbo na pale palipopungua inajazia yenyewe. Wewe unaletewa tofali zima, hujui kipi kilitoka nje na kipi kilijaziwa ndani.

Na usizidharau hizi kalibu, bila hizo hatuishi. Chukua msiba. Unaingia nyumba usiyoijua kwa watu usiowajua, na bado unajua wanaume wako chini ya turubai, wanawake ndani kwenye mikeka, unajua sauti ya kutumia, unajua kuna daftari la mchango mahali. Hukufundishwa leo. Usipokuwa na kalibu ndiyo utaona cha moto. Mimi mara ya kwanza kwenda kwenye yale maduka ya kuku ambako unapanga foleni, unalipa kwanza ndipo unapewa chakula, nilikuwa na binti mmoja hivi. Kalibu yangu ya hoteli ilikuwa ya mama ntilie, unakaa, unaulizwa, unakula, unanawa, unalipa. Nikakaa. Tulikaa dakika 40 nasubiri kuulizwa, namkunjia sura kila mwenye fulana ya kazi anayepita! Yule binti alinivumilia vizuri tu siku hiyo, na hatukuonana tena.

Jamaa yangu akanipa mkasa wa Mwingereza mmoja, Frederic Bartlett, profesa wa Cambridge, ambaye mwaka 1932 alitoa kitabu kuhusu namna watu wanavyokumbuka. Aliwapa Waingereza hadithi ya Wahindi Wekundu wa pwani ya magharibi ya Amerika Kaskazini, yenye vijana wanaokwenda mtoni kuwinda sili, mitumbwi ya vita, mizuka, na mtu aliyepigwa mshale asihisi maumivu. Wakaisoma, halafu wakaisimulia upya, wengine baada ya dakika chache, wengine siku, wengine miezi. Mitumbwi ikawa boti. Kuwinda sili kukawa kuvua samaki. Mizuka ikatoweka kabisa. Kilichokuwa cha ajabu kwao kilinyooshwa mpaka kikawa cha Uingereza, na hakuna aliyejua kama amebadilisha kitu. Bartlett akasema kukumbuka si kufungua kabati na kutoa kitu kilivyowekwa, ni kujenga upya, na wanaokusaidia kujenga ni hizo skima.

Ila kitabu hicho hicho kina upande wa pili, na mimi ndio ulionifurahisha zaidi. Bartlett alifika kusini mwa Afrika, Swaziland, ambayo tangu mwaka 2018 inaitwa Eswatini. Huko alimpata mchungaji mmoja, akamwuliza kuhusu ng'ombe walionunuliwa na tajiri yake kama mwaka mmoja nyuma. Yule bwana hana daftari wala nini, akamtajia ng'ombe mmoja mmoja, bei, madoadoa, amenunuliwa kwa nani, akakosea mambo mawili madogo tu. Ubongo wake haukuwa wa ajabu. Ni mtu aliyeishi na ng'ombe, kwa hiyo kila ng'ombe mpya alikuta nafasi yake inamngoja. Ndivyo fundi makenika wa Gerezani anavyosikia injini mara moja akajua ugonjwa, wewe unasikia kelele tu. Ndiyo maana pia anayejua kidogo jambo fulani hujifunza zaidi na haraka, na asiyejua kabisa unamwambia mara tano halishiki. Si mjinga, hana pa kuweka.

"Lakini rangi," nikamwambia. "Rangi ya bluu ilitoka wapi?" Akacheka. Mwaka 1981 Wamarekani wawili, Brewer na Treyens, waliwaweka wanafunzi ndani ya chumba kama ofisi, wasubiri kidogo, yaani sekunde 35 hivi, halafu wakawatoa na kuwataka waandike walichokiona. Kati ya watu 30, watu 9 waliandika kwamba mle ndani mlikuwa na vitabu. Hamkuwa na kitabu hata kimoja. Ofisi ya msomi ina vitabu, basi na hii itakuwa navyo, kichwa kikavipanga. Na mimi mtungi wa mama mwenye nyumba nilikuwa nauona kila siku pale jikoni, wa bluu. Aliponiambia umeibiwa, kichwa kilikwenda jikoni, kikauchukua, kikamkabidhi Rasta mkononi. Kazi safi kabisa!

"Na kwa nini Rasta?" nikauliza. Swali hilo nilikuwa nalijua jibu lake. Jamaa hakulijibu moja kwa moja. Aliniambia habari ya Allport na Postman, Wamarekani vilevile, mwaka 1947, waliokuwa wanachunguza uvumi. Walikuwa na mchoro wa watu ndani ya treni, na katikati wamesimama watu wawili wanazungumza, mmoja mweupe, mmoja mweusi. Mwenye wembe mkononi ni mweupe. Anayeuona mchoro anamsimulia ambaye hajauona, naye anamsimulia wa pili, wa tatu, kama ule mchezo wa watoto wa kunong'onezana. Katika zaidi ya nusu ya majaribio ya mchoro huo, wembe ulifika mahali ukahama, ukaonekana mkononi mwa mtu mweusi.

Nilikaa kimya pale. Uani kwetu wote ni weusi, kwa hiyo wembe wetu ulihitaji alama nyingine ya kuhamia, ukaipata kwenye nywele. Nawaambia na jambo jingine la kuchekesha kama mna moyo wa kucheka. Mwaka huo huo tulikuwa na mpangaji mwingine, tai kila siku, viatu vinang'aa, anaongea kwa mpangilio kama mtangazaji wa redio. Aliondoka usiku na deni la kodi ya miezi mitatu na pasi ya jirani. Hakuna aliyemtilia shaka hata siku moja, na mpaka leo mama mwenye nyumba anasema atakuwa amepata dharura.

Sasa je, kalibu inabadilika? Hapo mimi nilitaka jibu la haraka, nikakuta hakuna, na aliyenionyesha ni mjukuu wa mwenye nyumba, darasa la tatu, ninayemsaidiaga kazi za shule. Nilimwuliza dunia ina umbo gani. "Duara!" akajibu fasta kama alivyofundishwa. Nikamwambia chora. Akachora chapati, akaweka watu juu yake wamesimama, na mti. Nikamwuliza, nikitembea tu bila kugeuka nitafika wapi? Akasema, "Utaanguka, anko, ila kwanza kuna bahari."

Msimcheke. Duara kwa Kiswahili ni umbo la chapati, la mpira ni tufe, kwa hiyo mtoto alilisikia neno vizuri tu. Na hata angeambiwa tufe asingepona mara moja. Yule Brewer wa ofisi, safari hii na mwanamama anaitwa Vosniadou, mwaka 1992 walitoa utafiti wa watoto 60 wa shule huko Illinois, Marekani, kuhusu swali hilo hilo. Kuna waliosema dunia ni kama sahani. Kuna waliosema ziko mbili, moja bapa tunayoishi na nyingine ya mviringo iko juu angani. Kuna waliosema ni mpira mtupu ndani, na sisi tunakaa mle ndani chini kwenye sakafu. Hawakumkatalia mwalimu, ndiyo kwanza walimwamini! Walichukua neno lake wakalimwaga kwenye kalibu ya zamani, ile ya kila siku kwamba ardhi ni bapa na kisichoshikwa huanguka chini. Piaget, yule Mswisi aliyefariki mwaka 1980, ambaye aliwachunguza hata wanawe mwenyewe watatu, alisema ndivyo mtoto anavyokua: mambo mapya anayatia kwenye kalibu aliyonayo mpaka yafike yasiyoingia, hapo analazimika kuivunja na kuitengeneza upya. Mtoto wa dada yangu wa mwaka na nusu, kwao kuna paka, alimwona mbuzi barabarani akapiga kelele, "Nyau kubwa!" Akakubali kuwa kubwa tu. Wiki chache baadaye mbuzi alilia mee mbele yake, mtoto akanyamaza, akamwangalia mama yake kama kaibiwa kitu.

Kwa mwanafunzi wangu nilichukua chungwa na sisimizi. Sisimizi akazunguka chungwa zima, hakuanguka. Nikajiona mwalimu. Mtoto akatazama, akauliza, "Na wale walio chini, mbona damu haiwashukii kichwani?" Ikabidi tuanze na "chini" yenyewe, kwamba chini si kule kwenye miguu ya meza, chini ni kuelekea katikati ya dunia popote ulipo. Alikataa. Jumatatu akakataa, Jumanne akakataa, Ijumaa alikuja mwenyewe mlangoni kwangu, akaniambia, "Anko, kwa hiyo wa upande ule, juu yao ni huku kwetu chini?" Nikampa shilingi 500. Wiki nzima kwa mtoto wa darasa la tatu, na huyo hana chuki na dunia wala woga wowote kuihusu.

Mimi na umri wangu huu nimejifanyia dawa ndogo. Mtu akiniuliza nimeona nini, najiuliza kwanza kama kitu hicho ningeweza kukisema kabla sijaambiwa kimepotea. Mtungi nisingeweza. Ningesema "amebeba kitu cha mviringo" na kwa hilo hakuna anayemtafutia mtu tairi. Sidai kwamba inafanya kazi kila mara. Juzi tu kwenye basi nimeukumbatia mkoba wangu, kumbe aliyesimama nyuma yangu ni kijana mwenye nywele kama zile, na mkono wangu ndio uliotangulia, mimi nilikuja kujua baadaye.

Rasta alihama mwisho wa mwezi ule. Nilimtafuta, nikamkuta Tandale kwenye nyumba anayopaka rangi, juu ya ngazi. Nilikuwa na pesa ya kutengeneza lile jino. Nikamwambia, "Kaka, nimekuja kuomba msamaha." Akashuka, akafuta mikono, akazihesabu zile pesa taratibu, akaziweka mfukoni. Halafu akaniuliza, "Hivi kweli uliuona?" Nikamwambia niliuona, na bado nauona. Akaitazama ndoo yake pale chini, akanitazama mimi, akasema, "Basi kazi unayo," akapanda ngazi. Msamaha hakutaja kama kanipa, nami sikumwuliza.

Nafasi yangu imekwisha. Wiki ijayo narudi kwenye barua zenu, kuna dada mmoja ana kesi na wifi yake, si mchezo.